Bibi Harusi na Mtu wa Filimbi

Mtaani walimwita Bibi Harusi, na kila mgeni aliyelisikia jina hilo alimtafuta mume asimwone. Hakuwa ameolewa. Aliitwa hivyo kwa kuwa kila Jumamosi alikuwa kwenye harusi ya watu, kamera begani, akiwahimiza wakwe watabasamu na kuwasogeza pembeni wajomba wanaopenda kusimama mbele ya maharusi. Aliyembandika jina ni Kono Moja, fundi baiskeli wa jirani yake. "Huyu ameingia harusi nyingi kuliko sisi sote," alisema, "ila bwana harusi anampiga chenga." Naye hakukasirika. Mtu aliyekatwa mkono akabaki na utani wake, utamnunia kwa lipi?

Studio aliyofanyia kazi ilikuwa ya marehemu baba yake. Chumba cha mbele cha kupigia picha, chenye kiti cha mbao na kitambaa cha buluu ukutani. Nyuma chumba kidogo kisicho na dirisha, ambamo zamani picha zilisafishwa gizani. Baba aliuawa katika chumba cha mbele, binti yake akiwa ndani ya kile cha nyuma.

Wakati huo alikuwa hajamaliza kubadilisha meno. Vita viliingia mtaani mchana, watu wakiwa kazini, na vikawagawa wakazi kwa barabara: watu wa juu na watu wa chini. Waliokuwa wakiazimana chumvi wakaanza kuwindana. Baba yake, mtu wa chini, alikuwa amepiga picha za vitambulisho za karibu kila kijana wa pande zote mbili, na filamu zake alizitunza. Kikosi cha watu wa juu kilizitaka ili wawajue kwa sura vijana wa chini watakaowakamata njiani. Baba alipenyezewa habari asubuhi. Alizimwaga filamu zote kwenye karai, akamimina mafuta ya taa, akapiga kiberiti. Kisha akamsukuma binti yake kwenye chumba cha giza na kushusha pazia zito.

"Hata ukinisikia nakuita, usitoke," alimwambia.

Chini ya pazia mtoto aliona viatu vya jeshi vikiingia. Alisikia sauti ikiuliza picha ziko wapi, na sauti ya baba yake, tulivu kama anayezungumza na mteja, ikijibu, "Zimeungua. Mmechelewa." Halafu mtu akanyanyua mguu wa kamera, ule wa chuma wa kuisimamishia. Pigo la kwanza lilitoa sauti ya kuni mbichi inayopasuliwa. La pili baba alilia. Baada ya hapo akawa halii tena, lakini chuma kiliendelea kushuka, na aliyekuwa akipiga alihema kama mtu anayetwanga. Damu ikatambaa juu ya saruji, ikafika kwenye pazia, na pindo la pazia likaanza kuinywa, ikipanda taratibu mbele ya macho ya mtoto. Nje ikalia filimbi: moja fupi, kisha moja ndefu iliyopanda mwishoni. Viatu vikatoka mbio.

Shangazi yake ndiye aliyekuja kumtoa, amemfunika macho kwa kiganja. Lakini kiganja cha mtu mmoja kitafunika mangapi?

Alilelewa na shangazi huyo, akajifunza kamera, akafungua tena studio. Vita viliisha, na mtaa ukakubaliana bila kikao kwamba havitatajwa. Ukigusia, unajibiwa, "Yaliyopita si ndwele," na mazungumzo yanahamia kwenye mvua. Watu wa juu na wa chini wakarudi kununua mkate duka moja. Yeye mwenyewe alinunua mbao za fremu za picha kwa Mzee Mbao, mtu wa juu mwenye kiwanda cha kupasua magogo, mcheshi, mfadhili wa misiba. Mzee Mbao alizipima na kuzikata kwa mkono wake, akapuliza vumbi kwenye kingo, akamwambia, "Haya mwanangu, hizi hazitapinda."

Mambo yalianzia msibani. Bibi Harusi alikuwa ameitwa kurekodi mazishi ya mama mmoja. Kaka wa marehemu alisimama kusoma historia fupi, akaikunja karatasi, akaanza kusimulia jinsi dada yake alivyoburutwa kwa nywele nyuma ya pikipiki kipindi cha vita, na kwamba ule upara aliouficha maisha yote chini ya kitambaa haukuwa ugonjwa. Bibi Harusi alisahau hata kusogeza kamera.

Keshoye Kono Moja aliingia studio na kukaa kwenye kiti cha wateja.

"Nikifa mimi, nani atasema mkono wangu ulikwenda wapi?" aliuliza. "Watasema nilizaliwa hivi. Washa mashine yako."

Akawasha. Kono Moja akaeleza walivyomkamata darajani na kumwambia achague, mkono au kichwa. "Nikawaambia, kichwa sikitumii sana, ila ndicho chenye mdomo." Alicheka peke yake. Halafu akasema panga lilikuwa butu. Walimlaza mkono juu ya gogo, wakapiga, likakwama mfupani. Wakalichomoa kwa kumkanyaga bega, wakapiga tena. Wa kwanza alichoka akampa mwenzake, kama watu wanaopokezana jembe. "Ulipoachia uliangukia majini. Niliuona. Vidole vimejikunja, kama umeshika kitu hautaki kunyang'anywa. Kono langu lile lilikuwa na roho ya uchoyo." Hapo hakucheka.

Habari zikasambaa kwamba ukienda kwa Bibi Harusi anakusikiliza na hakukatizi. Walikuja wajane, akaja dereva wa lori aliyebebeshwa maiti, akaja mwalimu mstaafu aliyekuta darasa lake limechomwa na madawati yote yamesukumwa mlangoni kwa ndani. Jumamosi alirekodi watu wakicheza. Siku nyingine alirekodi jinsi watu walivyokufa. Alikonda. Shangazi alimwekea chakula akakikuta kama alivyokiacha. "Mwanangu, hao wafu unawalisha nini hata wewe unashinda njaa?" alimuuliza. Asubuhi alikwenda tena kufungua studio.

Ndipo akaja Mkunga.

Alikuwa ajuza mfupi, mwenye mikono iliyopokea nusu ya watoto wa mtaa. Aliongozana na binti yake, msusi mwenye saluni karibu na kituo cha maji. Wote walijua kwamba Msusi hakuzaliwa na Mkunga, alilelewa tu, mtoto wa vita. Alivyopatikana hakujua mtu.

"Nataka naye akae humu," Mkunga alisema. "Nimechoka kumdanganya."

Akasimulia. Siku ya mapigano makubwa alimkuta msichana mwenye uchungu kando ya barabara, akamvuta ndani ya kalavati, lile bomba la zege linalopitisha maji chini ya lami. Walijibanza humo, maji machafu magotini, risasi zikipita juu. Msichana aling'ata kitambaa hadi ufizi ukatoka damu. Mtoto alizaliwa salama. "Lakini mtoto ni mtoto. Alilia."

Mtu mmoja aliinama kwenye mdomo wa kalavati akamwona msichana. Akawaita wenzake kwa filimbi, kisha hakuwangoja. Alimkamata msichana miguu, akamburuta nje, kondo la nyuma bado halijatoka. Alimpiga rungu la kichwa, akampiga la tumbo, tumbo lile lile lililotoka kuzaa. Mkunga alikuwa amerudi kinyumenyume gizani na mtoto kifuani, amemtia kidole mdomoni anyonye. "Nilimwona vizuri, jua lilikuwa usoni kwake. Alikuwa anapiga huku filimbi iko katikati ya meno, basi kila akishusha rungu pumzi yake inailiza kidogo. Fii. Fii."

Msusi alikuwa ameshika ukuta.

"Ilikuwaje ile ya kuita wenzake?" Bibi Harusi aliuliza. Lilikuwa swali lake la kwanza siku hiyo. Mkunga akakaza midomo akapiga mluzi: mmoja mfupi, kisha mmoja mrefu, uliopanda mwishoni.

Kamera ilikuwa juu ya mguu wake, kwa hiyo haikutikisika.

"Unamjua?"

"Nani asiyemjua. Ndiye anakukatia mbao za fremu."

Msusi aliomba awekewe rekodi ile kwenye simu yake. Bibi Harusi akamhamishia, hakuona ubaya. Mtu ana haki ya kifo cha mama yake. Lakini saluni ni saluni. Jambo zito namna ile halikai kifuani mwa mtu anayeshinda ameshika vichwa vya watu. Msusi alimsikilizisha mteja mmoja huku akilia; yule akamwambia wa pili, na kabla wiki haijakatika habari ilikuwa imepanda hadi juu ya barabara.

Mkunga alivamiwa mlangoni kwake asubuhi, akienda kutupa takataka. Waliompiga walitumia vipande vya mbao. Walimvunja taya kwanza, jirani mmoja alisema, na walipokuwa wakipiga walimwambia, "Ongea tena, bibi." Alifia hospitalini, uso umevimba hadi Msusi akamtambua kwa mikono tu.

Siku ya maziko yake, wakati mtaa mzima uko makaburini na Bibi Harusi amerudi kubadilisha betri, watu watatu waliingia studio. Mmoja alifunga mlango. Hawakumwuliza kitu. Walimlaza kifudifudi kwenye sakafu aliyofia baba yake, mmoja akakaa mgongoni, mwingine akamnyoosha mkono wa kulia juu ya kizingiti cha chumba cha nyuma, na wa tatu akauponda kwa nyundo. Alisikia vidole vikivunjika kabla maumivu hayajafika. Kisha wakamwaga petroli na kuiwasha. Alitambaa kutoka kwa viwiko, nywele zinanuka kuungua, akaangukia mfereji wa nje. Kamera, kompyuta na kumbukumbu zote alizorekodi ziliteketea nyuma yake.

Polisi walikuja wakaandika. Mkaguzi alimwambia, "Mama, petroli ni kitu cha hatari kukiweka ndani." Akamtazama yule mkaguzi mpaka akafunga kalamu yake.

Alikaa kwa shangazi mkono umefungwa plasta, akitazama ukuta. Alichokiwaza ni kimoja: angemwacha Mkunga anyamaze, Mkunga angekuwa hai. Shangazi alimwambia, "Aliyemuua ni aliyeshika ubao. Usimpunguzie mzigo wake ukajitwika wewe." Alisikia, lakini kusikia si kupona.

Waliomwinua ni wale wale aliowarekodi. Kono Moja alitangulia, nyuma yake wajane, dereva, mwalimu. Hawakuja kutoa pole tu. "Tumekuja kusema upya," alisema dereva wa lori. "Moto haukuunguza vichwa vyetu." Kamera iliazimwa kwa mpiga picha wa mtaa wa pili. Kwa mkono wa kushoto, akikosea vitufe na kuvitukana, Bibi Harusi akawarekodi tena. Ushuhuda wa Mkunga pekee haukuweza kurudiwa, ila ulikuwa kwenye simu ya Msusi.

Filamu ikaonyeshwa alasiri kwenye ukumbi wa shule, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Watu wa chini walijaa, na wa juu kadhaa wakaketi nyuma karibu na mlango. Mzee Mbao aliingia peke yake, amevaa suti, akapita katikati hadi safu ya mbele. Kutokuja kungekuwa kukiri, naye hakuwa mjinga.

Alitulia kwenye picha zote. Uso wa Mkunga ulipotokea ukutani, mkubwa, wenye taya zima, na mluzi ule ukapigwa, ukumbi uligeuka kumtazama. Akasimama, akafunga kifungo cha koti.

"Marehemu aliona gizani, na mimi siwezi kubishana na ukuta," alisema.

Msusi alichukua kigoda alichokuwa amekalia akampiga nacho usoni. Mzee alianguka kati ya viti, na ukumbi mzima ukammwagikia. Walimpiga kwa viatu, kwa miguu ya viti, kwa funguo. Jicho moja lilipasuka. Mtu alimkanyaga vidole, mwingine akasema, "Geuza, geuza tupate mbavu." Ukutani Mkunga aliendelea kuzungumza, hakuna anayemsikiliza.

Bibi Harusi alikuwa kando ya projekta. Aliona kila kitu, na kwa muda hakufanya lolote. Ilikuwa tamu, asingeweza kulisema neno hilo kwa mtu, lakini ndilo. Kila teke aliliweka mahali pa pigo moja la chuma alilolisikia utotoni. Halafu akaona kipande cha kamba ya katani mkononi mwa mtu, kinapitishwa shingoni mwa yule mzee, na akili yake ikasema jambo moja tu: akifa sasa, hatasema.

Aliingia katikati kwa kichwa, kama mbuzi, akajilaza juu yake. Teke lilimpata ubavuni, lingine likampata kwenye plasta, akapiga yowe. Ni yowe hilo alilolitambua Kono Moja. Akawasukuma watu kwa bega lake zima na lile la kigutu.

"Mwacheni. Bibi Harusi yuko chini."

"Namtaka mzima," Bibi Harusi alisema, damu ya yule mtu ikimlowesha kifua. "Mkimuua, amekwenda na yetu yote. Namtaka aongee."

Polisi walimpeleka Mzee Mbao hospitali chini ya ulinzi, na Msusi wakampeleka rumande.

Bibi Harusi akaenda kumwona yule mzee wodini, na kamera ya kuazima. Hakutegemea angekubali. Mzee Mbao alikuwa na bandeji nusu ya uso, pingu moja kwenye chuma cha kitanda. Alimtazama akifunga mguu wa kamera kwa mkono mmoja.

"Washa," alisema. "Watanihukumu hata hivyo. Afadhali nijisemee kuliko kusemewa."

Akaongea hadi chakula cha mchana kikapita. Aliongea kama anavyoelezea magogo: lipi gumu, lipi jepesi. Walianza kwa marungu kwa sababu risasi zilikuwa chache. Filimbi fupi maana yake nimempata, ndefu maana yake njooni mbio. Wengi wanaopigwa hawajitetei, alisema, wanasubiri, na hilo lilikuwa likimkasirisha, akawa anapiga kwa nguvu zaidi ili wafanye kitu. Msichana wa kalavati alimkumbuka. Alikumbuka hata rangi ya gauni. Alikana kuwatuma watu kwa Mkunga, alikana moto, akakana nyundo; baadaye wapasuaji mbao wake wawili walimtaja mahakamani, akafungwa kwa hilo la Mkunga, na kwa mzee kama yule kifungo hicho ni cha kufia humo. Mkaguzi wa petroli alihamishwa, basi.

Bibi Harusi alikuwa amelihifadhi swali lake mpaka mwisho.

"Na mpiga picha? Studio ile. Alichoma filamu kwenye karai."

Mzee Mbao akafikiri. Alijitahidi kweli, jicho lake lililobaki lilizunguka darini likitafuta. Kisha akatikisa kichwa.

"Mpiga picha. Hapana. Simkumbuki."

"Mlimpiga kwa chuma cha kamera yake."

"Inawezekana," alisema. "Siku ile tulikuwa na kazi nyingi. Alikuwa nani wako?"

Bibi Harusi aliizima kamera, akaukunja mguu wake wa chuma, akakosa kuuingiza kwenye mfuko wake mara kadhaa hadi muuguzi akamsaidia. Alipofika nje aliketi kwenye ngazi za hospitali, akalia kilio alichokuwa nacho tangu meno ya utoto, na watu waliopita walidhani amefiwa muda ule ule. Hawakukosea sana.

Kipande hicho alikiacha kwenye filamu, na swali lake ndani, na ile "simkumbuki." Shangazi alipokiona alisema tu, "Basi sisi tumkumbuke mara mbili."

Studio ilijengwa upya, ndogo zaidi. Vidole viwili vya mkono wa kulia havikukunjika tena, na harusini alijifunza kushika kamera kama mtu anayebeba sinia. Msusi alitoka baada ya miezi michache, akafungua saluni, na wateja waliokuwa wakimwogopa wakazoea.

Kisha siku moja aliingia mama wa makamo ambaye Bibi Harusi alimjua kwa mbali, mtu wa juu ya barabara. Alisimama mlangoni kama anayeomba maji.

"Nasikia unarekodi watu," alisema. "Au ni wa chini tu?"

Moyo wa Bibi Harusi ulikuwa mgumu, hakujificha hilo. Mwishowe akamsogezea kiti. Mama yule akaeleza jinsi mumewe, seremala asiyeshika silaha, alivyokamatwa na watu wa chini vita vikielekea ukingoni, akavishwa gurudumu shingoni, akamiminiwa mafuta. Mumewe alikimbia akiwaka, akaigonga milango ya majirani, na kila mlango alioupiga uliachwa na alama ya viganja. Aliyewasha kiberiti alikishika kwa meno na kukipiga kwa mkono wake mmoja, maana wa pili ulikuwa umefungwa bandeji, umekatwa juu ya kiwiko.

Bibi Harusi hakuzima kamera. Yule mama alipoondoka, Bibi Harusi alifunga studio, akavuka hadi kwenye kibanda cha jirani yake. Kono Moja alikuwa amebana gurudumu kati ya magoti, anakaza njiti zake za chuma.

"Umetajwa," alimwambia.

Hakuuliza na nani. Alizungusha gurudumu, akalitazama likiyumba, akakaza njiti nyingine. Utani haukuja.

"Seremala," alisema hatimaye.

"Ndiyo."

"Alikuwa ananiitia wateja, yule. Kabla ya vita." Akaweka spana chini. "Hili la mtu nalimalizia, analifuata jioni. Kafungue, nakuja."

Bibi Harusi akarudi kufungua.